Mama anaulizia tofi ya zamani: ilienda wapi, na je, inaweza kupikwa nyumbani?

SWALI: Mwalimu, nakusalimu kutoka Kisumu. Nilisoma shule ya msingi miaka ile ya maziwa ya Nyayo. Jumamosi mama alikuwa akirudi kutoka soko la Jubilee na tofi ndefu iliyofungwa kwa karatasi ya nta yenye mistari, anatukatia vipande watoto wote. Jina limenitoka, na mama naye halikumbuki. Ninachokumbuka ni rangi ya kahawia iliyokolea, ilivyovutika ukiimega, alama ya mafuta iliyobaki kwenye karatasi, na kwamba ikikaa sana kabatini ilikuwa chengachenga mdomoni. Sasa mama ana zaidi ya miaka 80, meno ni ya kubandika, na bado anaiulizia. Nimemnunulia tofi za kila aina supamaketi, anaonja na kusema siyo. Nikajaribu kupika mwenyewe kwa maelekezo ya mtandaoni, nikafikisha nyuzi 120 kama walivyoandika, ikatoka ngumu ya kuvunjwa kwa nyundo. Ile tofi ilienda wapi? Bado inauzwa mahali? Na mimi nakosea wapi?

JIBU: Dada yangu, mpe mama shikamoo yangu, na umwambie ulimi wake haujamdanganya. Zile ulizomnunulia kweli siyo. Karatasi yenye mistari haitoshi kunipa jina la tofi, kwa sababu watengenezaji wengi walifungia karatasi za namna hiyo. Lakini barua yako imejaa dalili za namna ilivyopikwa, na kwako wewe unayetaka kumwekea mama kipande mkononi, hizo zina faida kuliko jina. Nimeshughulika na peremende tangu nilipomaliza masomo Egerton, pale Njoro, kwanza kiwandani na sasa katika jiko langu hapa Nakuru. Acha nizisome dalili zako moja moja.

Alama ya mafuta kwenye karatasi. Mafuta ya maziwa huanza kulainika katika joto la kawaida la nyumba, na yakifika mdomoni huyeyuka karibu yote. Kabati la Kisumu saa nane mchana linatosha kuyafanya yatoke kidogo kwenye tofi, na karatasi inayanyonya. Mafuta ya mboga yaliyogandishwa kiwandani huchaguliwa kwa sababu hayana tabia hiyo: yanabaki ndani, tofi inakaa kavu na nadhifu dukani hata kwenye joto, lakini ukiitafuna inakuachia utando kwenye kaakaa usioondoka mpaka unywe kitu cha moto. Peke yake dalili hii haitoshi, kwa kuwa tofi yoyote iliyokorogwa vibaya hutoa mafuta. Ikiungana na nyingine mbili ulizonipa, nashawishika kwamba ndani mlikuwa na siagi.

Chengachenga ndiyo dalili iliyonifurahisha zaidi, maana ni watu wachache huikumbuka. Tofi ni sukari nyingi iliyoyeyushwa ndani ya maji machache kupita kiasi, na sukari ya namna hiyo haitulii: ikipata nafasi hurudi kuwa chembe. Viwanda huizuia kwa kuchanganya glukosi ya maji, ile inayotengenezwa kwa wanga wa mahindi. Chembechembe za glukosi hujipenyeza kati ya zile za sukari ya miwa na kuzizuia zisishikane. Ukiweka glukosi nyingi, tofi inakaa miezi na miezi bila kubadilika, jambo ambalo mwenye duka analipenda. Ya mama iligeuka baada ya kukaa, kwa hiyo ilikuwa na sukari ya miwa nyingi na glukosi kidogo. Hapo ndipo penye tofauti ambayo mama anaionja bila kuweza kuieleza. Glukosi haina utamu mkali kama wa sukari, na ikizidi huifanya tofi ing'ang'anie meno. Tofi yenye sukari nyingi hukatika upesi zaidi, na utamu wake hufika mara moja.

Kisha rangi. Kahawia iliyokolea inaweza kutoka kwenye chupa ya rangi, lakini katika tofi ya siagi iliyotengenezwa kwa namna hiyo, karibu kila mara imetokana na maziwa yaliyopikwa kwa muda mrefu. Protini ya maziwa ikikaa motoni pamoja na sukari iliyomo kwenye maziwa yenyewe, vyote viwili hubadilika, rangi inakolea na harufu mpya zinazaliwa, harufu ambazo hazikuwamo kwenye maziwa wala kwenye sukari. Mfaransa Louis-Camille Maillard aliyaeleza mabadiliko hayo mwaka 1912, na ndiyo yanayoupa mkate ganda lake na nyama choma harufu yake. Yanahitaji muda. Mitambo ya kisasa inayopika bila kusimama hufikisha tofi kwenye ugumu unaotakiwa kwa dakika chache, na ladha ambayo muda haukuipa huongezwa kwa matone ya ladha ya kununua. Mtu aliyelelewa na ile ya kwanza hutambua mara moja, na mama yako ametambua.

Kwa hiyo kinachomkosesha mama raha ni upishi uliopotea. Jina la kwenye karatasi ni jambo dogo mbele ya hilo.

Ulipoteaje? Kisa kikubwa ni sarafu. Peremende ya watoto haiuzwi kwa bei yoyote ile, inauzwa kwa sarafu iliyo mkononi mwa mtoto. Utakumbuka ndururu, peni na sumuni, na baadaye shilingi nzima. Bei ya unga inaweza kupanda kidogo kidogo, lakini tofi ya shilingi haiwezi kuwa ya shilingi moja na senti ishirini wakati senti ishirini hakuna anayezibeba. Bei inakaa palepale mpaka iruke hadi sarafu inayofuata, na kabla ya kuruka, mtengenezaji anabaki na njia mbili: kuipunguza tofi au kubadilisha kilichomo ndani. Siagi ndiyo hutolewa kwanza kwa sababu ndiyo ghali kuliko vyote. Hufuata maziwa, yakipunguzwa au yakibadilishwa kwa unga wa majimaji yanayobaki baada ya kutengeneza jibini.

Sasa fikiria mwaka 1993. Bei za vitu nchini zilipanda kwa karibu asilimia 46 katika mwaka huo mmoja, shilingi ikaporomoka mbele ya dola, na wakati huohuo vizuizi vya kuingiza bidhaa kutoka nje vilikuwa vikiondolewa. Mtengenezaji wa tofi wa hapa nyumbani alijikuta sukari na karatasi vimepanda, sarafu ya mtoto ni ileile, na kando yake rafuni imewekwa peremende ya nje yenye karatasi ya kung'aa. Shirika la KCC, lililokuwa tegemeo la siagi na maziwa ya unga kwa viwanda, nalo likayumba katika muongo huohuo mpaka serikali ikalifufua kama New KCC mwaka 2003. Tofi za maziwa halisi zilikufa hivyo. Nyingine hazikufa kwa jina: karatasi ilibaki, ndani pakabadilika. Hizo huniumiza zaidi, kwa sababu mtu huinunua akitarajia utoto wake na kupata mafuta ya mboga yenye harufu ya siagi.

Miaka ya karibuni mambo hayakulegea. Mwaka 2014 kiwanda cha Cadbury cha Nairobi kilifungwa na watu takriban 300 wakapoteza kazi. Mwaka 2018 serikali ikaweka ushuru wa shilingi 20 kwa kila kilo ya peremende. Kwa tofi inayouzwa kwa sarafu, ni faida yote.

Hata nje haya hutokea, tena kwa makampuni makubwa. Marekani, kampuni ya Mars iliuza tofi ndefu iliyosukwa na kupakwa chokoleti, ikiitwa Marathon, kuanzia 1973 hadi 1981, na mpaka leo waliokuwa watoto wakati huo wanaitaja kwa huzuni. Uingereza, Cadbury iliiondoa Wispa mwaka 2003, watu wakapiga kelele mtandaoni mpaka ikarudishwa mwaka 2007. Ilirudi kwa sababu mtambo, mapishi na mwenye jina wote walikuwepo. Tofi ya kwetu iliyotengenezwa na kiwanda ambacho kimeshauza sufuria zake haina mtu wa kupigiwa kelele.

Ukilikumbuka jina siku moja, lipo jambo moja la kufanya. Majina ya bidhaa nchini huandikishwa katika taasisi ya KIPI, Nairobi, kwa miaka kumi kumi, na yanaweza kuhuishwa. Utaweza kuuliza ni nani analimiliki na kama bado liko hai. Lakini usizunguke maduka ya Kibuye na Oginga Odinga Street ukitafuta kipande kilichosahaulika. Hata ukikipata, tofi ya siagi iliyokaa miaka hiyo yote mafuta yake yameshaharibika, na sitaki mama aonje hiyo halafu iwe ndiyo kumbukumbu yake ya mwisho.

Tuje kwenye nyundo.

Hukukosea kupika, dada. Uliyemfuata ndiye hakujua unaishi wapi. Joto la tofi hupimwa ili kujua maji mangapi yamebaki ndani, na maji hayachemki kwa joto moja kila mahali. Pwani yanachemka kwa nyuzi 100 za Selsiasi. Kisumu iko mita zaidi ya 1,100 juu ya usawa wa bahari, na hapo yanachemka karibu nyuzi 96. Hapa kwetu Nakuru, mita kama 1,850, ni karibu 94. Maelekezo mengi ya mtandaoni yameandikwa na watu walio karibu na usawa wa bahari. Wewe ukifikisha 120 Kisumu, umeondoa maji mengi kama mtu wa Mombasa aliyefikisha 124, na kwenye tofi nyuzi nne zinatosha kutenganisha kipande cha kutafuna na kipande cha nyundo. Kabla ya kupika tena, tumbukiza kipimajoto chako kwenye maji yanayochemka. Kikisoma 96, toa nne kwenye kila joto unalosoma katika maelekezo yoyote ya peremende. Jambo hili pia litakuonyesha kama kipimajoto chenyewe kimepotoka, maana vingi vya bei nafuu vimepotoka.

Vitu vyenyewe ni hivi: maziwa lita moja yasiyotolewa mafuta, sukari gramu 500, siagi gramu 60, asali vijiko vinne vya chakula, bekingi soda robo kijiko cha chai, na chumvi robo kijiko cha chai. Maziwa ya mama muuza maziwa ni mazuri kabisa ikiwa ni ya leo. Yakiwa yameanza kuchacha yatakatika sufuriani. Sukari, tumia ya kahawia ya kawaida. Mko katika ukanda ulioanzisha sukari ya nchi hii, tangu kiwanda cha Miwani cha 1922, kisha Muhoroni na Chemelil miaka ya sitini, na ile sukari ya kahawia hubaki na molasi kidogo ambayo huipa tofi kina. Sukari nguru usiitumie peke yake, asidi yake huyakata maziwa. Ukipenda harufu yake, gramu 30 ndani ya zile 500 zinatosha. Asali ndiyo inayoshika nafasi ya glukosi. Kwa kipimo hicho itazichelewesha chembe kwa wiki kadhaa, kisha tofi itaanza kuwa chengachenga, vilevile mlivyoijua.

Bekingi soda isikutishe. Inapunguza asidi ya maziwa yasikatike, na inaharakisha kukolea kwa rangi. Usizidishe, ladha ya sabuni itatokea. Na isiwe bekingi pauda.

Chukua sufuria nzito ya lita tano au zaidi, kwa sababu soda ikikutana na maziwa ya moto povu hupanda ghafla. Weka maziwa, sukari na soda, chemsha, kisha punguza moto mpaka yawe yanachemka kwa utulivu. Katika hatua hii unaweza kukoroga mara kwa mara ukiendelea na shughuli nyingine za jikoni. Baada ya saa moja au zaidi yatakuwa mazito kama uji wa wimbi na rangi itakuwa imeanza kugeuka. Sasa weka asali, siagi na chumvi, na kuanzia hapo usiondoke. Tumia mwiko wa mbao wenye ncha bapa, uukwangue chini ya sufuria mfululizo, kona hadi kona. Maziwa huungua chini kimya kimya, na harufu ya moshi ikishaingia haitoki. Ukiona madoadoa meusi, usiyakwangue. Mimina haraka kwenye sufuria nyingine uendelee. Watoto wasikaribie kabisa. Sukari ya moto hung'ang'ania ngozi na kuunguza vibaya kuliko maji yanayochemka.

Hapa kuna jambo ambalo maelekezo mengi hayasemi, na ndilo litakalokupa tofi ya mama. Rangi na harufu huamuliwa na muda ambao maziwa yamekaa motoni, ugumu huamuliwa na joto la mwisho. Ni mambo mawili tofauti. Ukitaka ladha nzito zaidi, usiongeze joto la mwisho, ongeza muda wa hatua ya kwanza: moto mdogo, na uongeze kikombe kimoja cha maji ikiwa maziwa yanakaribia kukauka kabla rangi haijafika. Kwa mama ningefanya hivyo. Uwezo wa kunusa hupungua na umri, na ladha ya tofi sehemu kubwa ni harufu. Ile aliyoihisi akiwa na miaka arobaini itahitaji kukolezwa kidogo ili aihisi sasa. Chumvi pia unaweza kuikaribisha kwenye nusu kijiko.

Kwa tofi ya kutafuna kama ile ya Jumamosi, zima moto kipimajoto kikisoma 115 hapo Kisumu. Ncha yake isiguse chini ya sufuria. Kwa meno ya mama simama 111 au 112: kipande kitakuwa laini, atakikata kwa ulimi na kaakaa, na hakitayang'oa meno ya kubandika. Unaweza kumimina nusu kwenye trei ya kwanza kwa ajili yake, ukarudisha nusu nyingine motoni kwa ajili yenu. Kama huna kipimajoto, dondosha tone kwenye bakuli la maji baridi. Likifinyangika kuwa kidonge kinacholegea ukikitoa majini, hiyo ni ya mama. Kikishika umbo lake nje ya maji lakini kikabonyea ukikifinya, hiyo ni yenu. Ndugu zako wakiwa huku Nakuru, waambie washuke nyuzi mbili zaidi.

Mimina kwenye trei iliyotandikwa karatasi ya kuokea na kupakwa siagi. Usikwangue sufuria juu ya trei, kwa sababu chembe za sukari zilizokauka pembeni zikidondoka ndani zitaigeuza tofi nzima kuwa chengachenga usiku huohuo. Yale makombo ya sufuria wape wanaosubiri. Iache ipoe mpaka ishikike bila kukuunguza, kata kwa kisu kilichopakwa mafuta, na ufunge kila kipande palepale. Hewa ya ziwani ina unyevu mwingi, na tofi isiyofungwa itanata ifikapo asubuhi. Karatasi ya nta au ya kuokea inafaa. Nailoni huivutisha jasho.

Kama mama ana kisukari, kipande kidogo baada ya chakula ni jambo la kuzungumza kwanza na daktari wake, na asali haibadilishi hesabu hiyo; ni sukari vilevile.

Na ile uliyoivunja kwa nyundo, ikiwa bado ipo na haikuungua, usiitupe. Irudishe sufuriani na kikombe kimoja cha maziwa, moto mdogo sana, uikoroge mpaka iyeyuke yote bila donge hata moja. Hapo inakuwa imerudi kwenye hatua ya uji, na unaweza kuipandisha tena mpaka 111. Anza na hiyo kabla hujanunua maziwa mapya, mkono wako utaijua tofi kwa gharama ya kikombe kimoja tu.